Zuio la Mto Lumbizi

Jamhuri ya Haidhuru haimo katika ramani uliyonayo, kwa hiyo usihangaike kuitafuta, wala usimtazame jirani yako kwa jicho la pembeni unapoendelea kusoma. Ni nchi ya mbali. Watu wake ni wapole, viongozi wake ni wapole zaidi, na sheria zake ni nzuri mno kiasi kwamba zimewekwa kwenye kabati la kioo, zisije zikachakaa kwa kutumiwa.

Katika nchi hiyo ulipita mto ulioitwa Lumbizi, na kando ya mto huo palikuwa na kijiji cha Kitopeni, na hapo Kitopeni aliishi mfinyanzi mmoja, Bi Sikudhani binti Mahfudhi, mjane, mwenye mikono mikubwa na maneno machache. Udongo wake aliuchimba ukingoni mwa mto. Maji yake aliyachota mtoni. Hakuwa na ugomvi na mtu.

Juu ya kijiji, mwendo wa saa moja kwa miguu, serikali ilijenga Kiwanda cha Bendera cha Taifa. Haidhuru ni nchi inayojipenda, na nchi inayojipenda huhitaji bendera nyingi: za maofisini, za magari, za mashuleni, na zile ndogondogo za kupepewa msafara unapopita. Bendera hutiwa rangi, mapipa ya rangi husuuzwa, na maji ya kusuuzia hayana budi kwenda mahali. Yalikwenda Lumbizi. Jumatatu mto ulikuwa mwekundu, Jumanne kijani, Jumatano buluu, Alhamisi manjano. Ijumaa mapipa yote yalisuuzwa kwa pamoja, na mto ukashuka na rangi ambayo wataalamu waliiita rangi ya umoja na watu wa Kitopeni waliiita usaha. Waziri alipokuja kutembelea aliwapongeza wanakijiji kwa kuwa watu wa kwanza ulimwenguni kupelekewa kalenda hadi mlangoni.

Jumamosi kiwanda kilifungwa, na ilipofika adhuhuri ya Jumapili mto ulikaribia kufanana na maji. Hapo kijiji kizima kilijaza mitungi. Maji ya Jumapili walipewa wajawazito, wagonjwa na wageni. Waliobaki walikunywa rangi ya siku. Wako waliokwenda wilayani kulalamika, nao waliulizwa kwa upole wanalalamikia rangi gani hasa. Ukisema nyekundu, umetukana damu ya mashujaa. Ukisema kijani, umetukana mashamba ya taifa. Ukisema zote, umetukana bendera nzima, na hicho ni kifungo. Walirudi nyumbani wakiwa wamekubali kwamba, kwa kweli, hawakuwa na neno.

Vyura ndio walioondoka kwanza. Hakuna aliyewaona wakienda. Watu waligundua tu kwamba kimya kimekuwa kirefu. Kisha vyungu vya Bi Sikudhani vikaanza kutoka motoni vikiwa na mistari myekundu, vikipasuka vyenyewe rafuni. Hayo yote aliyavumilia. Lakini alikuwa na binti mmoja, Arafa, na mimba ya kwanza ya Arafa ilitoka mwezi wa sita. Ya pili ilifika mwisho, mtoto akazaliwa na kucha za buluu, hakulia. Kwenye fomu ya zahanati, mahali palipoandikwa sababu, mkunga aliandika kudra, maana ndilo neno pekee aliloruhusiwa.

Sasa Arafa alikuwa na mimba ya tatu, ya miezi mitatu. Bi Sikudhani, ambaye hakuwahi kubishana hata na mnunuzi wa vyungu, alifunga khanga kiunoni akashika njia ya mahakamani. Alichokitaka kilikuwa kidogo. Alitaka mto usitiwe rangi mpaka mjukuu wake azaliwe. Mengine yangezungumzwa baadaye.

*

Masijala ya mahakama ilisimamiwa na karani aliyeitwa Mkumbukwa. Alikuwa amekaa pale miaka thelathini na mmoja, mtu safi, mwenye kola iliyopigwa pasi, na mpenzi wa Kiswahili sanifu kuliko majaji wote aliowahi kuwaandikia. Shahidi akisema ameosha nguo, Mkumbukwa aliinua kidole na kumkumbusha kwamba nguo hufuliwa. Hakuwa mtu mbaya. Alisikitika tu kuona lugha ikiteseka, na kwa kuwa lugha ndiyo kitu pekee alichoruhusiwa kukitetea pale ndani, aliitetea kwa nguvu zote.

Alimsikiliza Bi Sikudhani mpaka mwisho, kisha akamweleza kwamba hawezi kushtaki, kwa kuwa hajadhurika. Maji ya Lumbizi yalikwisha kupimwa na maabara ya serikali, na hati ya majibu ilikuwa na neno moja tu, kwa herufi kubwa: HAIDHURU. Kama hilo lilikuwa jibu la kipimo au ni mhuri wa jina la nchi, hakuna mtaalamu aliyethubutu kuuliza.

Hata hivyo palikuwa na mlango. Miaka miwili nyuma, mbele ya wageni kutoka nchi kumi na saba, Haidhuru ilipitisha Sheria ya Haki za Mito, iliyosema kwamba mto wowote uliodhuriwa unaweza kufika mahakamani wenyewe na kudai haki yake. Wageni walipiga makofi wakisimama. Tangu siku hiyo hakuna mto uliofika.

"Mama, mwenye haki ya kuja hapa ni mto," Mkumbukwa alimwambia. "Wewe unaweza kuusindikiza."

Wakajaza fomu. Jina la mlalamikaji: Mto Lumbizi. Kazi: kutiririka. Makazi: hana makazi maalumu. Hapo shauri lilikaribia kufia mlangoni, kwa sababu mtu asiye na makazi maalumu hutakiwa kuleta barua ya balozi wa nyumba kumi, na balozi wa Kitopeni alihofia kuandika kwamba anaufahamu mto huo na tabia zake ni njema. Mwishowe aliandika kwamba anausikia. Ikabaki hati ya kiapo, ambayo lazima mlalamikaji aitie dole gumba. Waliichovya mtoni. Ilikuwa Jumatatu, ikatoka nyekundu, na Mkumbukwa akaipiga mhuri.

*

Shauri lilipangwa kwa Mheshimiwa Jaji Stahamili, mwanasheria mwenye sauti nzito na kikohozi kidogo ambacho mawakili walikuwa wamejifunza kukitafsiri. Siku ya kwanza kutajwa, Jaji hakuwepo. Alikuwa kwenye semina ya wiki tatu kuhusu kuharakisha haki. Siku ya pili jalada lilipotea, likapatikana chini ya mguu wa meza uliopinda, nalo halikuweza kutolewa mpaka ofisi ya ugavi ilete mguu mwingine. Siku ya tatu iliangukia Wiki ya Bendera, na wiki hiyo haifai kusikiliza shauri linaloigusa bendera.

Bi Sikudhani hakuhesabu tarehe. Alihesabu tumbo. Mwezi wa nne alimnywesha Arafa maji ya Jumapili peke yake, akiyachuja mara tatu kwa kitambaa cheupe, na kitambaa hakikurudi cheupe. Mwezi wa tano alimkataza kuoga mtoni. Mwezi wa sita, ule uliomchukua wa kwanza, nyumba nzima ilitembea kwa ncha za vidole kana kwamba kuna mtu amelala ndani asiyetakiwa kuamshwa. Mwezi ulipita. Arafa akaanza kucheka tena, kidogokidogo, na mama yake aliogopa kicheko kile kuliko alivyoogopa kimya.

Mwezi wa saba shauri lilisikilizwa. Wakili wa Serikali, aliyesomea ng'ambo na kurudi na miwani miwili, alileta pingamizi la awali. Alisema hati ya kiapo ni ya kughushi. Alikuwa amekwenda mtoni Jumanne na karatasi yake mwenyewe, akaichovya, nayo ikatoka kijani. Iweje, aliuliza, mtu mmoja awe na saini mbili? Ama aliyekula kiapo si Mto Lumbizi, ama Mto Lumbizi ni kigeugeu asiyeaminika mbele ya sheria. Watu waliokuwa nyuma walimtazama Bi Sikudhani. Bi Sikudhani alimtazama Jaji, akaomba ruhusa, akasema kwamba hizo saini mbili ndizo zilizomleta. Jaji alikohoa. Mawakili wakaelewa kwamba ameelewa, na kwamba hilo halitasaidia kitu.

Pingamizi lingepita, na hadithi ingeishia hapo kama zinavyoishia nyingi. Lakini mwezi huohuo mji mkuu ulikuwa unaandaa mkutano wa mataifa kuhusu haki na mazingira. Wageni walikuwa wameuliza, kwa barua, ni mito mingapi ya Haidhuru imekwisha kushinda. Wizara ikatafuta. Ukapatikana mmoja tu uliokuwa na jalada.

*

Uamuzi ulisomwa mbele ya wageni mia mbili wenye vipokea sauti masikioni. Bi Sikudhani aliwekwa mstari wa mbele, na kando yake kikaachwa kiti kitupu chenye kikaratasi kilichoandikwa MLALAMIKAJI.

"Mto si maji tu," Jaji Stahamili alisoma. "Mto ni raia anayetembea. Alipopita, tulikunywa, alipolia, tulidhani anaimba. Kuanzia leo, katika Jamhuri ya Haidhuru, hakuna mto utakaolia peke yake."

Wakalimani walifikisha maneno hayo kwa lugha sita, na wageni wengine walivua miwani wakajifuta macho. Kiwanda kiliamriwa kusitisha kumwaga rangi mtoni mpaka shauri la msingi lisikilizwe. Hukumu ilikuwa na kurasa arobaini, na zote zilikuwa upande wa mto. Bi Sikudhani hakuzielewa zote, lakini alielewa neno kusitisha. Tumbo lilikuwa la miezi minane. Aliinamisha kichwa akashukuru, na kwa mara ya kwanza tangu azikwe mjukuu wake alijiruhusu kufikiria jina.

Sasa hapa pana jambo la kiofisi, nalo ni dogo. Anayetekeleza amri za mahakama ni dalali wa mahakama, na dalali hapewi hukumu. Hupewa hati ya amri, ukurasa mmoja, na hati hiyo hujazwa na karani. Kwa desturi ya masijala ile, zuio huitwa kwa jina la aliyelipata. Bi Kisa akimpeleka jirani yake mahakamani kwa sababu ya mpaka wa shamba, na mahakama ikamzuia jirani, karani huandika: zuio la Bi Kisa. Kila mtu anajua maana yake. Kwa miaka thelathini na mmoja hakuna aliyekwenda kumzuia Bi Kisa.

Basi Mkumbukwa alichukua fomu, akakaza mkono, akaandika kwa mwandiko wake mzuri: Zuio la Mto Lumbizi litekelezwe mara moja, kwa nguvu zote zitakazohitajika. Akapiga mhuri, akaenda nyumbani amefurahi. Aliwaambia mkewe na jirani zake kwamba ndiyo hati njema kuliko zote alizowahi kuandika.

*

Dalali aliyeipokea aliitwa Shaweji. Alikuwa mtu wa nidhamu, aliyesoma kila neno alilopewa na kuacha lililobaki. Wengine husema mke wake ni dada wa meneja wa kiwanda. Mimi sikualikwa kwenye harusi hiyo, kwa hiyo siwezi kusema.

Alifika Kitopeni na tingatinga moja, malori manne ya mawe na askari sita. Bi Sikudhani aliwaona kutoka uwanjani kwake na moyo wake ukajaa, maana hakujua kwamba mahakama ina nguvu kiasi hicho. Aliwapikia uji. Shaweji alipouliza njia ya kufika mahali mto unapokuwa mwembamba zaidi, chini kidogo ya kiwanda, yeye mwenyewe ndiye aliyewaongoza, akiwaondolea miba njiani ili wasichomwe. Alidhani wanataka kuziba bomba.

Wakashusha mawe katikati ya maji. Mwanzoni alifikiri wamekosea, akawaita kwa adabu, akawaonyesha bomba liliko. Shaweji akatoa hati akamsomea. Zuio la Mto Lumbizi. Akaisoma tena polepole, kama mtu anayemsaidia mzee kuvuka barabara, kisha akamuuliza kama kuna neno hapo linalotaja bomba. Saruji ilitolewa na kiwanda chenyewe, kama raia mwema anayetii mahakama. Kwa siku tano walijenga ukuta kutoka ng'ambo hadi ng'ambo, na siku ya sita walisimika bango: MTO HUU UMEZUIWA KWA OMBI LAKE MWENYEWE. KUCHOTA NI KUDHARAU MAHAKAMA.

Juu ya ukuta maji yalianza kujikusanya, rangi juu ya rangi, mpaka kwa mbali yakaonekana meusi. Chini ya ukuta mto ulikonda, ukawa kamba, ukawa madimbwi, na kila dimbwi likawekewa askari, kwa sababu dimbwi nalo ni Lumbizi. Zahanati ilifungwa, ikiacha tangazo mlangoni kwamba haina maji na kwamba mkunga anapatikana nyumbani kwake. Mitungi ya Jumapili ikaanza kutoa sauti ya utupu ukiigonga.

*

Bi Sikudhani alirudi mahakamani kwa miguu, na Mkumbukwa alipousikia mkasa wake aliketi chini bila kutafuta kiti. Kisha akainuka, akampeleka mwenyewe chumbani kwa Jaji, jambo ambalo hakuwahi kumfanyia mtu. Alikiri kosa. Aliomba aruhusiwe kuongeza maneno matatu tu kwenye hati, kiwanda kitajwe, na dunia irudi kama ilivyokuwa. Wakili wa Serikali, ambaye alikuwemo mle akinywa chai, alisema kuwa anayeweza kuomba marekebisho ni mlalamikaji tu.

"Mlalamikaji yuko wapi?" Jaji akauliza.

"Amezuiwa, mheshimiwa," akasema Bi Sikudhani.

"Uliomba nini katika shauri hili?"

"Niliomba zuio."

"La nani?"

Bi Sikudhani alitafuta jibu jingine, na lugha haikumpa.

"La mto," akasema.

"Basi umelipata."

Sitaki kumsingizia Jaji Stahamili. Hakucheka, na wanaomjua wanasema siku hiyo hakumaliza chai yake. Alieleza kwa sauti ya chini kwamba mahakama hufungwa na neno kama lilivyoandikwa, si kama lilivyokusudiwa. Wakianza kuuliza maneno yalikusudia nini, alisema, nchi hii haitabaki na sheria hata moja. Wageni walikwisha kurudi kwao. Alimwambia anaweza kukata rufaa ndani ya siku tisini.

Bi Sikudhani alisema hana siku tisini. Alikuwa nazo kama kumi.

*

Hakuwa nazo hata hizo. Jumatano asubuhi, jua likiwa limekwisha kupanda, Arafa alishikwa na uchungu. Mkunga alikuja, akaangalia, akaomba maji. Palikuwa na nusu kata chini ya mtungi, ikapita kinywani mwa Arafa. Majirani walileta walichokuwa nacho, yaani vyombo. Mkunga akasema, bila kumtazama mtu, kwamba mtoto yu njiani, na kwamba safari hii anamsikia anapiga mateke vizuri, lakini hawezi kumpokea kwa mikono mikavu.

Bi Sikudhani alichukua jembe na ndoo. Alipofika ukutani askari alimwambia kwamba hairuhusiwi. Akamwambia askari kuwa binti yake anazaa. Askari alitazama huku na huku, kisha akasema anakwenda kujisaidia, naye akaenda mbali sana kwa haja ya namna hiyo. Bi Sikudhani alichimba pembeni mwa ukuta, pale saruji ilipokutana na udongo, udongo alioujua kuliko alivyojua uso wake. Alichimba kwa jembe, kisha kwa mikono. Maji yalipotoka hakuyatazama. Alijaza ndoo moja, akaziba tundu kwa kiganja na udongo kama azibavyo ufa wa chungu, akageuka.

Ilikuwa mwendo wa saa moja kwenda na saa moja kurudi. Yaliyotokea ndani ya nyumba ile wakati huo na baada yake, siyajui. Ni nyumba ya wanawake, na msimulizi aliachwa nje pamoja na wanaume. Ninachojua ni kwamba tuliokuwa nje tulisikia sauti ya Arafa, na tukangoja sauti ya pili.

Siku ya tatu Shaweji alikuja kumkamata. Hakuhitaji kuuliza mtu. Njia nzima, kutoka ukutani mpaka kizingitini kwa Bi Sikudhani, ilikuwa na matone ya buluu, rangi ya Jumatano.

*

Shauri liliitwa Mto Lumbizi dhidi ya Sikudhani binti Mahfudhi. Mto, mara hii, uliwakilishwa na Wakili wa Serikali. Alisikitika kwa niaba ya mteja wake. Alisema mto huu ulikuja mahakamani ukilia, mahakama ikaufuta machozi, na mtu wa kwanza kuuvunjia amri yake ndiye yuleyule aliyejiita msindikizaji wake. Kama huo ndio urafiki, alisema, mito ya nchi hii heri ikae bila marafiki.

Ukumbi ulijaa watu wa Kitopeni. Arafa hakuwepo. Bi Sikudhani alisimama kizimbani na mikono yake mikubwa imeshika ubao, na kucha zake zilikuwa bado na rangi. Jaji alimuuliza kama alichota. Akasema alichota. Akamuuliza alichota maji hayo ya nini.

"Binti yangu alikuwa na uchungu," akasema. "Nilikwenda kuchota maji ya kumwogesha mtoto. Niliporudi, nikamwosha."

Kalamu ya Mkumbukwa, iliyokuwa ikikimbia, ilisimama. Miaka thelathini na mmoja haitoki mwilini kirahisi. Kidole chake kiliinuka chenyewe.

"Mama, samahani," akasema kwa upole. "Mtoto huogeshwa. Huoshwa vyombo, huoshwa mikono, huoshwa..."

Hapo akaishia. Kidole kilibaki hewani, hakijui pa kwenda.

"Mtoto huogeshwa, baba," akasema Bi Sikudhani. "Najua. Huyu nilimwosha. Andika hivyohivyo."

Wanawake walioketi nyuma walivuta khanga zao usoni. Wakili wa Serikali aliwatazama, kisha akaitazama karatasi yake, hajaona palipobadilika. Alisimama akaomba kumbukumbu zionyeshe tu kuwa mshtakiwa amekiri kuyatumia maji. Jaji Stahamili alimwambia karani asome alichoandika, na Mkumbukwa akasoma neno baada ya neno, na alipofika kwenye lile la mwisho sauti yake haikutetemeka. Nadhani ndiyo kazi ngumu kuliko zote alizowahi kuifanyia lugha.

"Mheshimiwa," akasema Bi Sikudhani, "ulisema mahakama hufungwa na neno lilivyoandikwa. Basi hilo lisiguswe. Na mwosha huoshwa."

Wakili wa Serikali aliruka akidai hicho ni kitisho. Jaji alikohoa, na kwa mara ya kwanza hakuna wakili aliyeweza kukitafsiri kikohozi kile. Baada ya mapumziko ya dakika kumi, yaliyochukua saa mbili, alitoa hukumu: miezi sita kwa kudharau mahakama, na mitatu kwa kuitishia mahakama kwa methali. Alisoma haraka, bila kuinua uso.

*

Hukumu zote kubwa za Haidhuru huchapishwa katika kitabu chenye jalada gumu, ili wanafunzi wa sheria wajifunze na mataifa yaone. Hii nayo ilichapishwa, kwa sababu ndiyo ya kwanza duniani ambamo mto ulishinda mara mbili. Kabla ya kwenda mtamboni, kila ukurasa hupitia kwa Kamati ya Usanifu wa Lugha ya Mahakama. Mkumbukwa aliiandikia kamati hiyo barua akiomba neno moja lisiguswe. Alijibiwa kwamba barua yake imepokelewa, na kwamba muda wake wa kustaafu umefika.

Wanakamati walikuwa watu makini. Waliona palipokosewa, wakaparekebisha. Sasa panasomeka vizuri, kwa Kiswahili fasaha: nilikwenda kuchota maji ya kumwogesha mtoto, na niliporudi nikamwogesha.

Arafa hajui kusoma vitabu vya sheria, na mama yake bado yuko ndani. Lakini ukipita Haidhuru, ukaomba kukiona kitabu hicho, watakuletea kwa heshima kutoka kabatini. Fungua ukurasa wa mia mbili na kumi na nne. Mtoto yule yu hai hapo mpaka leo, safi, ametoka kuogeshwa na bibi yake.